Dakika 120 kwa Wiki: Namna ya Kutoka Nje Ukiwa Kisumu, Kakamega au Nakuru

Kwa wengi wanaoishi mjini, kwenda kupunga hewa ni jambo la Desemba. Gari linajazwa, jiko la makaa linapakiwa, spika haisahauliki, na ikifika jioni kila mtu amechoka kuliko alivyoondoka. Siku kama hiyo ina raha yake, lakini usiitegemee kwa afya, maana chakula cha Krismasi hakimshibishi mtu hadi Pasaka. Kinachosaidia mwili na akili ni kutoka kidogo kidogo, mara kwa mara, mahali penye miti, maji au nyasi.

Kipimo kipo. Mwaka 2019 watafiti nchini Uingereza walitoa matokeo ya uchunguzi wa watu karibu 20,000. Waliotumia angalau dakika 120 kwa wiki katika mazingira ya asili walielekea zaidi kusema wana afya njema na wameridhika na maisha kuliko wale ambao hawakutoka kabisa. Chini ya dakika hizo tofauti haikuonekana vizuri, na ukishapita dakika 200 hadi 300 faida haikuendelea kupanda. Kuzimaliza zote siku moja au kuzigawa hakukuleta tofauti. Ni kweli uchunguzi wa aina hii hauthibitishi kipi kimeleta kipi, kwa kuwa mwenye afya ndiye anayetoka kwa urahisi. Hata hivyo uhusiano huo ulionekana pia kwa watu wenye maradhi ya muda mrefu, kwa hiyo dakika 120 ni shabaha nzuri ya kuanzia.

Zigawe hivi: dakika 20 siku mbili za katikati ya wiki, kisha matembezi marefu ya dakika 80 wikendi. Usiziweke zote Jumamosi. Huku kwetu Jumamosi ni siku ya matanga, na isipokuwa matanga ni chama, na isipokuwa chama ni mvua. Ukiwa tayari umepata dakika 40 kabla ya Ijumaa, Jumamosi ikikuponyoka hujapoteza kila kitu.

Uhesabu kwa uaminifu. Muda wa kukaa kwenye matatu hauhesabiwi, wala kutembea kando ya barabara kuu ukivuta moshi wa malori. Na shamba lako? Katika uchunguzi ule, muda ambao mtu alikuwa kwenye bustani yake mwenyewe haukuhesabiwa. Kupalilia mahindi kwa haraka kabla mvua haijafika ni mazoezi mazuri ya mwili, lakini akili iko kazini. Ukimaliza, kaa chini ya mwembe dakika 15 bila simu wala jembe. Hizo tungezihesabu.

Mwangaza wa asubuhi

Ndani ya nyumba yenye taa ya kawaida mwangaza huwa kati ya laksi 100 na 500 (laksi ni kipimo cha mwangaza). Nje, hata mawingu yakiwa yametanda, unafika maelfu, na jua likiwaka unaweza kukaribia laksi 100,000. Jicho lako halikuambii tofauti hiyo kwa sababu linajirekebisha upesi, lakini saa ya ndani ya mwili inaihisi. Mwangaza wa asubuhi ndio unaoiambia saa hiyo kwamba siku imeanza, na kutoka hapo mwili hupanga usingizi utakuja lini. Mtu anayeshinda kwenye duka lenye giza, kisha usiku akaangaza uso kwa simu, anaunyima mwili wake tofauti ya mchana na usiku, halafu anashangaa kulala saa nane.

Jua letu huchomoza karibu saa kumi na mbili u nusu mwaka mzima, likipishana karibu nusu saa tu, kwa hiyo kupanga ni rahisi. Toka kati ya saa moja na saa tatu asubuhi, miwani ya giza uiache nyumbani, na usilitazame jua lenyewe. Dakika 20 zinatosha. Ikifika saa nne jua la ikweta linaanza kuuma, na kuanzia saa tano hadi saa tisa afadhali uwe kivulini. Mwenye ualbino avae kofia pana na mikono mirefu na ajipake mafuta ya kukinga jua saa zote, hata asubuhi na hata kukiwa na mawingu.

Namna ya kutembea

Kosa la kwanza la wengi ni mwendo. Wanakimbilia mwisho wa njia kana kwamba kuna kitu wameahidiwa huko. Matembezi ya kupumzisha akili yana mwendo wa kilomita moja kwa dakika 20 au 25, pamoja na kusimama. Ukitaka mazoezi ya moyo, fanya siku nyingine au mwendo wa kurudi. Ukichanganya yote mawili hutapata lolote vizuri.

Zima intaneti ya simu kabla hujaanza. Usiseme utaiacha mfukoni tu, kwa sababu mlio mmoja wa kundi la WhatsApp unakurudisha mezani kwako kazini. Wanasaikolojia Rachel na Stephen Kaplan wa Chuo Kikuu cha Michigan walieleza vizuri kwa nini: kusoma, kuhesabu pesa na kuendesha gari hutumia umakini wa kujilazimisha, ambao huchoka kama msuli, ilhali majani yanayotikisika na maji yanayotiririka hushika macho bila kujilazimisha, na ule wa kwanza unapata nafasi ya kupumzika. Simu inaudai ule uliochoka.

Tembea dakika kumi za kwanza bila kusimama, ili kelele za nyumbani zitulie kichwani. Kisha tafuta pa kukaa: jiwe, gogo, au kipande cha gunia ulichobeba. Kaa dakika 10 bila kuongea. Ndege walionyamaza ulipofika wataanza tena baada ya dakika chache, na hapo ndipo utakapojua ulikuwa unapita katikati ya vitu vingi bila kuviona. Tafuta sauti tatu: ya mbali kabisa, ya karibu, na iliyo karibu zaidi kuliko hiyo. Basi. Hakuna haja ya kufumba macho wala kuhesabu pumzi. Nchini Japani idara ya misitu ililipa jambo hili jina mwaka 1982, likimaanisha kuoga msituni, na tangu hapo limekuwa biashara kubwa duniani. Bibi anayepumzika chini ya mkuyu njiani kutoka sokoni hakuwahi kutozwa ada.

Msitu wa Kakamega

Ukiwa magharibi mwa Kenya na hujawahi kuingia msitu huu, anza nao. Ni masalio ya upande wa mashariki ya misitu ya mvua ya Afrika ya kati, kwenye mwinuko wa karibu mita 1,600, na mengi yaliyomo huyapati kwingine nchini. Una njia mbili za kuingia. Upande wa kusini ni Isecheno, chini ya Shirika la Huduma za Misitu: kutoka Kakamega shika barabara ya Kisumu hadi Khayega, pinda kuelekea Shinyalu, kisha endelea kwa bodaboda. Upande wa kaskazini ni Buyangu, chini ya Shirika la Huduma kwa Wanyamapori: shika barabara ya Webuye na ushuke kwenye njia panda ya Buyangu. Huko kaskazini ada hulipwa kwa simu kupitia eCitizen, si kwa noti mkononi, kwa hiyo lipa ukiwa bado mjini penye mtandao mzuri.

Anayekwenda mara ya kwanza twamshauri Isecheno na achukue mwongozaji wa hapo. Njia zinafanana na msitu hauna upeo wa kukuelekeza. Mwongozaji pia anajua mti gani unazaa wiki hiyo, na penye matunda ndipo penye nyani, kima na ndege. Ukitaka mandhari, panda kilima cha Lirhanda kabla jua halijachomoza, tochi mkononi. Ukungu ukianza kuinuka juu ya vilele vya miti utaona kwa nini watu huamka saa kumi.

Mvua ndiyo inayoamua ratiba. Msitu hupata karibu milimita 2,000 kwa mwaka, na mara nyingi hunyesha mchana baada ya asubuhi yenye jua safi. Asubuhi hiyo safi ndiyo huwadanganya wageni. Ingia kabla ya saa mbili, uwe umetoka ikifika saa saba. Desemba hadi Februari ndiyo miezi mikavu zaidi. Aprili na Mei inawezekana, lakini uvae gambuti, na ujue udongo wa njiani huteleza kama sabuni.

Mavazi: suruali ndefu, soksi ndefu, na suruali iingie ndani ya soksi. Inachekesha kwenye picha, lakini pindo lililolegea ni ngazi ya siafu. Siafu huvuka njia kama kamba ya kahawia inayotembea, na ukiwaona hivyo, vuka kwa hatua moja bila kusimama. Shida ni pale wanapotawanyika kuwinda, wakafunika njia yote kwa upana wa mita kadhaa. Hapo ama urudi, ama upite mbio huku ukipiga miguu chini, na usisimame kuwatoa hadi uwe umewaacha mbali. Wakishauma, mshike kila mmoja karibu na kichwa umvute taratibu. Ukimkwanyua kwa hasira mwili unatoka, taya zinabaki kwenye ngozi.

Nyoka wapo, pamoja na bafe mkubwa wa msituni ambaye rangi zake ni zile zile za majani makavu. Anayekaa njiani na kuangalia anapokanyaga ni nadra kupatwa. Gogo likiwa limelala njiani, panda juu yake, utazame upande wa pili, kisha ushuke. Usiliruke bila kuona unakotua.

Sasa cha kuangalia. Mwambie mwongozaji akuonyeshe mwiritsa, ule mti wenye gome jeusi lililopasukapasuka. Okota jani lililoanguka, lipondeponde kwa vidole, kisha linuse: linatoa harufu ya lozi chungu. Usilitafune, maana harufu hiyo inatokana na kemikali yenye sumu. Gome lake hutengenezewa dawa ya tezi dume, na kwa sababu hiyo miti mingi imechunwa. Alama za panga utaziona, nyingine za zamani zilizofunga kama kovu. Karibu hapo tafuta mtini unaonyonga mti mwingine. Ndege alidondosha mbegu juu kwenye tawi, mizizi ikashuka ikizunguka shina la mwenyeji kama vidole, ikashikana, na baada ya miaka mingi mwenyeji akafa na kuoza. Kinachobaki ni bomba la mizizi, na mengine ni mapana kiasi kwamba mtu mzima anaweza kuingia na kutazama juu.

Juu kabisa utasikia shorobo mkubwa wa bluu kabla ya kumwona. Ana urefu wa karibu sentimita 75, hukimbia juu ya matawi kuliko kuruka, na sauti yake ni ya kukoroma, haifanani kabisa na uzuri wake. Mbega mweusi na mweupe naye ukimpata akiwa ametulia, tazama mkono: hana kidole gumba cha maana, na bado anaruka mti hadi mti.

Njiani utauziwa mukombero, mzizi wa kutafuna wenye ladha tamu na kali. Nunua ule uliopandwa shambani, uliza kwanza. Kuuchimba msituni kumepunguza sana mmea wenyewe.

Kisumu na ufuo wa ziwa

Dunga ni kilomita chache tu kutoka katikati ya mji, na mafunjo yake ni makazi ya ndege wasiopatikana kwingine ila kwenye mafunjo. Maarufu zaidi ni yule mweusi mwenye kifua chekundu na utosi wa manjano. Humsikii peke yake mara nyingi, huitana wawili wawili. Waongozaji wa hapo ufuoni wanawajua ndege hawa kwa sauti. Ukichukua mashua, vaa jaketi la kuokolea kabla ya kupanda, si baada ya kuondoka, na uwe umerudi kabla ya upepo wa alasiri.

Hapa ushauri wa asubuhi una masharti. Viboko hutoka majini jioni kula nyasi nchi kavu na hurudi alfajiri. Ukitembea ufuoni saa kumi na mbili unaweza kujikuta kati ya kiboko na maji yake, na hapo ndipo anapokuwa hatari zaidi. Subiri hadi saa mbili, uulize wavuvi wamewaona wapi, na usipite kwenye njia za chini chini zilizokatwa ndani ya matete. Hizo si njia za watu. Jioni ondoka ufuoni kabla ya saa kumi na mbili, kwa sababu ya viboko na kwa sababu ya mbu wa malaria, ambao huuma kuanzia giza linapoingia. Mgeni kutoka nyanda za juu asidharau hili.

Usiingize miguu majini penye magugu na maji yaliyotulia, hata kwa dakika tano. Ndiko wanakokaa konokono wa kichocho, na viluwiluwi vya ugonjwa huo hutoka kwao zaidi jua linapokuwa juu, kisha hupenya ngozi nzima isiyo na kidonda. Kujifuta kwa taulo hakukuhakikishii usalama. Ukishakanyaga, usikae na hofu, ila nenda kituo cha afya upimwe wiki sita hadi nane baadaye, au mapema ukiona homa, upele unaowasha au damu kwenye choo. Dawa ipo na inatibu.

Radi nazo ni jambo zito ukanda huu wote, kuanzia Kisii hadi Kakamega. Ukiona umeme, hesabu sekunde hadi usikie ngurumo. Kila sekunde tatu ni kama kilomita moja. Zikiwa chini ya 30, ingia kwenye nyumba ya kudumu au gari lililofungwa, na ukae humo hadi dakika 30 zipite tangu ngurumo ya mwisho. Chini ya mti uliosimama peke yake ndipo mahali pabaya kuliko pote, na ndipo watu hukimbilia.

Nakuru

Mbuga ya Ziwa Nakuru ni nzuri, lakini si ya kutembea: utakaa ndani ya gari isipokuwa kwenye sehemu chache zilizotengwa. Kwa miguu, panda mlima wa volkano wa Menengai. Kasoko yake ni kubwa sana na ukingo unafika mita 2,278, kwa hiyo beba sweta hata kama mjini kuna joto, na maji lita moja na nusu kwa mtu. Nenda kwa kundi. Kushuka ndani ni safari nyingine kabisa: miamba ya lava ni mikali kama vigae, kivuli hakipo, mvuke wa moto hutoka ardhini hapa na pale, na kupanda kurudi huchukua nguvu ambazo ulishazitumia. Usishuke bila mwongozaji na usianze kushuka baada ya saa nne.

Siku za kazi, bustani ya Nyayo Gardens inatosha kwa dakika 20 zako. Si msitu, lakini kuna miti na nyasi.

Watoto, wagonjwa na wazee

Kwa watoto kuna sababu ya ziada: macho. Huko Guangzhou, China, shule ziliongeza dakika 40 za kuwa nje kila siku ya shule kwa watoto wa darasa la kwanza. Baada ya miaka mitatu, walioanza kutoona mbali walikuwa asilimia 30.4, dhidi ya asilimia 39.5 katika shule ambazo hazikuongeza. Matokeo hayo yalitolewa mwaka 2015. Mwangaza wa nje wenyewe unaaminika kuzuia jicho lisirefuke kupita kiasi, kwa hiyo mtoto hahitaji kukimbia. Hata akicheza bano chini ya mti inafaa. Katika matembezi usimpangie mtoto wa miaka sita umbali. Mpe kazi: aokote majani matano tofauti, au ahesabu vichuguu. Na ubebe ndizi na maji zaidi ya unavyodhani.

Mgonjwa wa kisukari asitoke bila kitu kitamu mfukoni, sukari yake isije ikashuka njiani, na aangalie nyayo zake akirudi. Asiyeweza kutoka kabisa, geuza kitanda au kiti chake kielekee dirisha lenye mti. Mwaka 1984 mtafiti Roger Ulrich alionyesha kwamba wagonjwa waliopasuliwa nyongo katika hospitali moja ya Pennsylvania, ambao dirisha lao lilitazama miti, walirudi nyumbani mapema na walihitaji dawa kali za maumivu mara chache kuliko waliotazama ukuta wa matofali.

Ukirudi nyumbani

Vua nguo nje au bafuni na uzikung'ute. Jikague kupe nyuma ya magoti, kwapani, kiunoni na nyuma ya masikio, hasa kama ulipita penye malisho ya ng'ombe. Ukimpata, mshike kwa kibanio kidogo karibu kabisa na ngozi, uvute moja kwa moja juu bila kupinda, kisha uoshe mahali hapo kwa sabuni. Usimpake mafuta ya taa wala usimchome na njiti ya kiberiti: atabaki ameuma na kukutemea zaidi. Andika tarehe uliyomtoa, na homa ikija ndani ya wiki mbili, mwonyeshe daktari tarehe hiyo.